Huyo Boserup wenu ni mama

Moshi,
Jumapili jioni

Mwalimu wangu mpendwa,

Barua yako niliipata, nikacheka peke yangu mpaka jirani akachungulia dirishani. Kwa hiyo darasa lako la kidato cha sita linaamini Boserup ni mzee wa Kizungu mwenye ndevu aliyekuwa akigombana na Malthus, yule Mwingereza wa hesabu za chakula na watu? Na wewe umewaacha hivyo hivyo mpaka wamefanya mtihani wa majaribio! Sisi huku hatujambo, mvua zimechelewa, mama anakusalimu sana na anauliza utakuja lini. Mengine ya nyumbani nitakueleza kwa simu. Leo nataka tuongee habari za huyo mama wa Kidenmark, mchumi aliyeandika juu ya wingi wa watu na kilimo, maana nimekuwa nikimsoma, na kila nikimaliza sura nakosa mtu wa kubishana naye.

Ester Boserup alizaliwa Copenhagen tarehe 18 Mei 1910. Baba yake alikuwa mhandisi, akafariki mtoto ana miaka miwili, na hali ya fedha pale nyumbani ikawa ngumu. Aliyemsukuma asome ni mama yake, mjane aliyejua kwamba binti asiye na mali akikosa na elimu hana pa kushika. Akaenda Chuo Kikuu cha Copenhagen kusoma uchumi, akaolewa na Mogens Boserup mwaka 1931 angali mwanafunzi, akamaliza shahada 1935. Baada ya hapo aliajiriwa serikalini kwenye mipango mpaka 1947, miaka ya vita ikiwamo, huku akizaa watoto watatu. Kisha familia ikahamia Geneva, kwenye Tume ya Uchumi ya Umoja wa Mataifa kwa ajili ya Ulaya. Naipitia haraka hii sehemu kwa sababu ni maisha ya mtumishi wa ofisini, kama mimi na wewe. Ila lishike hili moja: hakuwahi kuwa profesa wa chuo chochote. Vitabu vyake aliviandika kama mtu wa kuajiriwa kwa mikataba, jina la chuo halipo nyuma yake.

Sasa nije kwenye notsi zako za darasani. Unawaandikia kwamba Malthus, mwaka 1798, alisema chakula ndicho kinachoamua watu watakuwa wangapi, na Boserup, mwaka 1965, akaigeuza: wingi wa watu ndio unaoamua chakula kitalimwaje. Sawa kabisa. Halafu unaongeza kwamba Malthus alikuwa na hofu na Boserup alikuwa na matumaini, unafuta ubao. Mwalimu, hayo matumaini mimi nimeyatafuta sijayaona. Nilichokiona ni mtu anayehesabu saa za kazi.

Hesabu hiyo ilianzia India. Mwaka 1957 yeye na Mogens walikwenda kule kwenye utafiti mkubwa uliokuwa ukiongozwa na Gunnar Myrdal, mchumi wa Sweden. Wakati huo wachumi wengi walikuwa na nadharia tamu: kwamba vijiji vya nchi zenye watu wengi vimejaa mikono ya ziada, ukiwaondoa watu hao ukawapeleka viwandani mavuno hayatapungua hata gunia moja. Ester akatembea vijijini akawaangalia hao wanaoitwa wa ziada. Msimu wa kupanda na wa kuvuna walikuwa shambani kutwa, na hakuna aliyekuwa amekaa bure. Akahitimisha kwamba nadharia ile ni ya kwenye karatasi. Walipoondoka India mwaka 1960 alikuwa tayari na wazo lake mwenyewe, na miaka mitano baadaye likatoka kitabu.

Lenyewe liko hivi, na nakuomba uwasomee wanafunzi taratibu. Chukua familia inayoishi penye msitu mkubwa na watu wachache. Wanaangusha miti, moto unamaliza kazi iliyobaki. Majivu ndiyo mbolea. Magugu ni machache kwa sababu kivuli cha msitu kiliyanyima nafasi, na udongo ni laini kiasi kwamba kijiti kinatosha kufukia mbegu. Wakivuna msimu mmoja au miwili wanahama, shamba linapumzika miaka 20 au 25. Ukipima kwa ekari, huo ni ubadhirifu wa ardhi. Ukipima kwa saa ya anayelima, hawezi kupata nafuu zaidi ya hiyo.

Watu wakiongezeka, mapumziko yanafupishwa, tuseme miaka 6 mpaka 10. Msitu haurudi tena, vinarudi vichaka, na magugu yanakuja navyo. Hapo kijiti hakifai, linatakiwa jembe la mkono. Wakizidi kuongezeka, shamba linapumzika mwaka mmoja au miwili tu na kinachoota ni nyasi. Mizizi ya nyasi moto hauiwezi, na jembe la mkono linaihangaikia mpaka jua linazama, kwa hiyo inakuja plau. Plau inataka maksai, maksai wanataka malisho, malisho yanataka mtu wa kuyatunza. Mwishowe mtu analima kila mwaka, au mara mbili kwa mwaka, kwa samadi na mifereji. Ekari inatoa zaidi kuliko zamani. Lakini kila debe limekula saa nyingi zaidi za mgongo wa mtu.

Umeona inakotupeleka? Yule mkulima aliyeitwa mvivu na mshamba kwa sababu alikataa plau au samadi alikuwa amepiga hesabu sawasawa. Kwa nini ajichoshe mara mbili wakati ardhi bado ipo? Watu huongeza juhudi pale ardhi inapowabana, na wanaijua mbinu siku nyingi kabla hawajaitumia. Kwa maoni yangu hapo ndipo aliposhinda wengi waliomtangulia: alimchukulia mkulima kuwa mtu mwenye akili. Wala hakuahidi kwamba kila penye watu wengi patapona. Alikiri wazi kwamba wapo wanaoweza kushindwa kubadilika kwa wakati, wakaimaliza ardhi yao.

Ukitaka mfano wa karibu, achana na ule wa Asia ulio kwenye notsi, wapeleke Ukambani, hapo Kenya. Miaka ya 1930 maofisa wa udongo wa kikoloni waliiandika Machakos kama nchi inayokufa: makorongo, mifugo kupita kiasi, watu kupita kiasi. Wakati ule wilaya ilikuwa na watu kama 240,000. Kufika mwishoni mwa miaka ya 1980 walikuwa kama milioni 1.4. Kwa mahesabu ya Malthus pale pangekuwa jangwa. Mwaka 1994 watafiti watatu, Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki, wakatoa kitabu kilichoonyesha kinyume chake: mmomonyoko ulikuwa umepungua, miti imeongezeka, na thamani ya mazao kwa kila kilomita ya mraba imepanda kama mara kumi. Vilima vilikuwa vimechongwa makinga maji ya fanya juu, yale ya kuchimba mtaro na kutupa udongo upande wa juu. Na wachimbaji wengi walikuwa wanawake, kwenye vikundi vyao vya mwethya, vya kusaidiana kazi. Wapo waliobisha, nao wana hoja: Nairobi iko karibu, soko lipo, Wakamba waliruhusiwa kulima kahawa miaka ya 1950, na mishahara ya mjini ilirudi kununua plau na mbegu. Kweli, watu wengi peke yao hawatoshi. Lakini ukiondoa watu, nani angechimba?

Ukishaanza kuhesabu saa, swali linalofuata halikwepeki: saa za nani?

Ndilo lililomfikisha kwenye kitabu cha pili, cha mwaka 1970, kuhusu nafasi ya mwanamke katika maendeleo ya uchumi. Yeye na Mogens walikuwa wamekaa Senegal 1964 na 1965. Watu wamezoea kumgawa Ester vipande viwili. Wanaosoma idadi ya watu wanachukua kitabu cha 1965, wanaosoma habari za wanawake wanachukua cha 1970, na hawasalimiani. Mimi nimevisoma kimoja baada ya kingine na naona ni daftari lilelile, ameongeza safu moja tu ya kuandika jina la mwenye mkono.

Alikusanya tafiti za vijiji vya Afrika zilizokuwapo, akakuta katika sehemu nyingi wanawake wanafanya zaidi ya nusu ya kazi ya shamba, kwingine kama asilimia 70. Penye jembe la mkono, alisema, mkulima ni mwanamke. Penye plau, shamba linahamia kwa mwanamume. Halafu akaunganisha na ndoa, na hapa ndipo niliposimama nikatafuta chai. Pale mwanamke anapolima, anayeoa anapata mikono, kwa hiyo anatoa mahari kwa wazazi wa binti. Pale plau ilipomtoa shambani, mke anaonekana ni wa kulishwa, na wazazi wa binti ndio wanaotoa mali ili aolewe. Hata wake wengi aliwawekea hesabu: mke wa pili ni ekari za ziada bila kumlipa kibarua. Shemeji asiione sura hiyo.

Kisha akawageukia wakoloni, na baada yao wataalamu wa maendeleo. Walitoka kwao wakiwa na picha kwamba mkulima ni mwanamume, wakatafuta wanaume wa kuwafundisha. Mazao ya biashara, mbegu, mafunzo, hati za ardhi, vyote vikapita mkono huo. Anatoa mfano wa Uganda, ambako wanawake walikuwa tayari wanalima pamba, mpaka wakuu wa kilimo wakaona zao kama hilo lisiachiwe wanawake na wazee. Matokeo yake saa ya mwanamume ikapewa zana na ikaanza kuzaa zaidi, saa ya mwanamke ikabaki na jembe lilelile. Halafu miaka ikapita, wakaja wengine kupima na kuandika kwamba mwanamke ana tija ndogo.

Nikisoma hayo sihitaji kwenda Uganda. Daftari la wanachama ninalolitunza hapa kwenye chama chetu cha kahawa limejaa majina ya waume, na mengine ni ya waume waliokwishazikwa. Wanaojua mti upi umeshikwa na ugonjwa wa chulebuni, wanaochuma, wanaobeba mpaka kwenye mzani, ni wake zao. Malipo yakitoka anaitwa mwenye jina. Nimeshauliza kwenye mkutano kwa nini hatuwezi kuandika majina mawili, nikaambiwa katiba ya chama itazamwe. Inatazamwa mpaka leo.

Kitabu kile kiliwapa watu lugha ya kudai. Mwaka 1975 ukafanyika mkutano wa Umoja wa Mataifa wa wanawake Mexico City, ikafuata miaka kumi ya wanawake, na mkutano wa kuifunga ukafanyika Nairobi Julai 1985. Takwimu za Ester zilikuwa zikinukuliwa kila mahali. Miaka mingi baadaye, 2013, wachumi watatu, Alesina, Giuliano na Nunn, wakaipima hoja ya plau kwa takwimu za dunia nzima. Wakakuta jamii ambazo mababu zao walilima kwa plau bado zina mtazamo finyu zaidi kuhusu kazi za wanawake, na hali hiyo inaonekana hata kwa watoto wa wahamiaji waliozaliwa Marekani, ambao plau hawajawahi kuigusa.

Hakukosa wapinzani. Mwaka 1981 wachumi wawili wanawake, Lourdes Benería na Gita Sen, walimwandikia majibu makali. Walisema aliamini mno kwamba maendeleo yenyewe ni mema na kosa ni kumwacha mwanamke nje. Hakuuliza maendeleo hayo yanamnufaisha nani, na alipita juu juu kwenye kupika, kuchota maji na kulea. Nawapa haki kwenye la pili. Mtu aliyehesabu saa kwa ukali ule, angesogea hatua chache tu kutoka shambani mpaka jikoni angekuta saa nyingine tele. La kwanza nalitafakari bado, na ndiyo maana nakuandikia.

Mogens alifariki 1978. Ester akahamia Uswisi, akaendelea kuandika. Kitabu chake kuhusu wingi wa watu na teknolojia kilitoka 1981, naye ana miaka 71. Mwaka 1989 Akademia ya Taifa ya Sayansi ya Marekani ilimchagua kuwa mwanachama wa kigeni. Tuzo ya Nobel ya uchumi hakuipata. Mwanamke wa kwanza aliipata 2009, naye ni Elinor Ostrom. Ester alikuwa ameshafariki Geneva, tarehe 24 Septemba 1999.

Nimepiga fotokopi ya zile sura za mahari na plau, nitazikabidhi kwa konda wa basi la Ijumaa, mtume kijana azipokee stendi. Nina ombi moja. Kabla hujawasomea, wape wanafunzi karatasi waende nayo nyumbani wikiendi moja, waandike nani alifanya nini shambani na jikoni, kuanzia saa ngapi mpaka saa ngapi. Wavulana waandike na zao. Zikirudi nitumie, nataka kuzipeleka kwenye mkutano wa chama pamoja na lile swali langu la majina mawili.

Msalimie shemeji na watoto. Ule mchango wa kikoba ulioniulizia nimeshautuma, angalia simu yako.

Ni mimi shoga yako,
mtunza daftari