Watoto wapewe kazi safarini

Mhariri,

Naomba nafasi niwasemee watoto wa siku hizi. Wanapakiwa kiti cha nyuma, kiyoyozi kinapuliza, kila mmoja ameinamia skrini yake, wanashushwa bila kujua wamepita wapi. Sisi tuliokulia kwenye magari ya zamani tulikuwa na kazi.

Mimi, kifungua mimba, nilikuwa mlinzi wa mshale wa joto. Nilikaa katikati, miguu juu ya lile tuta la sakafuni linalopitisha shafti, macho kwenye dashibodi. Mshale ukipanda nasema, "Baba, linataka kuchemsha." Hapo baba hufungulia hita hadi mwisho. Ndiyo, hita, na jua la saa saba! Hita ya gari ni rejeta ndogo: maji ya moto ya injini hupita humo, feni ikatupulizia sisi lile joto, injini ikapata nafuu. Tunateremsha vioo vyote kwa kuzungusha mkono, mapaja yamegandia kwenye viti vya plastiki, na hakuna anayenung'unika maana kila mmoja anajua sababu. Mshale usiposhuka, tunaegesha na kungoja. Baba hakuruhusu mtu kugusa mfuniko wa rejeta ukiwa wa moto. Alitueleza kwamba maji ya ndani yamebanwa, yanaweza kupita nyuzi 100 bila kuchemka, na ukifungua tu yanageuka mvuke na kukurukia usoni. Nilipolikuta somo hilo darasani baadaye, nililielewa kabla mwalimu hajamaliza.

Mdogo wangu alishika ramani. Kitinda mimba alifuta ukungu kiooni mvua ikinyesha.

Sisemi turudie yote. Kiti chetu cha nyuma hakikuwa na mikanda, na usiku tulilala juu ya mizigo. Mkanda unaokamata bega na kiuno ulibuniwa na Nils Bohlin wa Volvo mwaka 1959, na kampuni hiyo ikawaruhusu watengenezaji wengine kuutumia, lakini magari mengi yaliendelea kwa miaka kutoka kiwandani bila mikanda ya nyuma. Nikiwaza breki moja ya ghafla ingetufanya nini, mwili unanisisimka. Mtoto afungwe mkanda, na kiyoyozi kiwashwe.

Ninachoomba wazazi wenzangu ni kazi tu. Mtoto wa miaka kumi anaweza kupima upepo wa matairi kabla ya kuondoka, akasoma kijiti cha oili, akaandika kilomita na lita kila mnapojaza mafuta, akamwambia dereva mji unaofuata uko umbali gani. Skrini zingoje.

Wanangu walikasirika mwanzoni. Safari iliyopita, tairi la nyuma kulia lilikuwa linapungua upepo polepole, nami sikuwa nimeona kitu. Aliyeligundua ni binti yangu, geji mkononi, kabla hatujatoka nyumbani.

Mama wa watoto watatu