Mwacheni Salim akunje uso

New York, Machi 2025

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Mimi mzima, kazi inaendelea na baridi imeanza kulegea. Nisalimie Baba na Dada Zuhura. Leo nina neno kuhusu Salim, na ukishamaliza kuisoma barua hii mpe naye aisome.

Jumamosi nilikwenda jumba la makumbusho la Whitney kutazama kazi za msanii anayeitwa Christine Sun Kim. Alizaliwa California mwaka 1980, wazazi wake wakiwa wahamiaji kutoka Korea, na siku hizi anaishi Berlin. Ni kiziwi tangu kuzaliwa, kama Salim wetu. Na kinachomshughulisha, Mama, ni sauti! Anaichora kwa mkaa, anaifanyia maonyesho mbele ya watu, anaitengenezea video.

Onyesho linaitwa All Day All Night, yaani mchana kutwa na usiku kucha. Kwa lugha ya alama ya Marekani, kusema mchana kutwa unalaza mkono mmoja mbele ya kifua, huo ndio ardhi, halafu mwingine unapita juu yake taratibu kama jua mpaka linazama. Usiku kucha, mkono unapita chini. Nilisimama pale nikijaribu kwa mikono yangu, nikakumbuka kwamba kutwa na kucha zetu nazo zina jua ndani yake, linatua na linachomoza. Nimeyasema maneno hayo maisha yangu yote bila kuliona.

Iliyonichoma zaidi ni kazi yake ya 2013, Face Opera II. Kundi la viziwi linaimba kwa nyuso tu. Mikono haitumiki, ni nyusi, macho, mashavu na midomo. Katika lugha ya alama uso nao unasema: nyusi zikipanda au kushuka, maana inabadilika. Mama, sisi tulikuwa tukimkataza Salim asikunje uso mbele ya wageni, eti anatisha. Kumbe tulikuwa tunamkata sentensi katikati. Nimeumia sana kwa hilo.

Katika hotuba yake moja ya 2015 anasema kiziwi kuishi kwenye dunia ya sauti ni kama kuishi nchi ya kigeni, unafuata sheria na desturi zake bila kuhoji. Mimi hayo nayajua, nayaishi huku kila siku. Lakini mimi nilipanda ndege. Salim yuko ughaibuni humo humo sebuleni kwetu.

Mwaka 2020 mwanamke huyu aliimba wimbo wa taifa la Marekani kwa alama kwenye Super Bowl, fainali ya mpira wa Kimarekani, huko Miami. Kamera za televisheni zilimwonyesha sekunde chache tu, zikahamia kwa wachezaji. Alilalamika hadharani, na alikuwa na haki.

Lugha ya alama ya huku si ile anayoitumia Salim, kwa hiyo nikijifunza hii haitatusaidia. Yeye ndiye atanifundisha yake, na nyinyi pia mkae naye.

Jumapili nitapiga simu ya video. Aipokee Salim kwanza. Muwashe taa, na simu muiegemeze mbali kidogo, mikono na uso vionekane pamoja.

Mwanao,
Rashidi