Treni ya Mauritania

Kaka Shomari,

Natumai u mzima wewe na watoto. Mimi sijambo, ila vumbi la hapa Nouadhibou halina adabu.

Ulitaka habari za treni ya huku, wewe uliyekula mshahara wa reli Tabora. Basi keti. Reli ni moja tu, kilomita 704, toka machimbo ya chuma ya Zouérat hadi bandarini hapa. Ilianza kazi mwaka 1963 mikononi mwa kampuni ya wageni, serikali ikaitaifisha 1974, sasa ni ya SNIM, kampuni ya taifa ya madini. Mabehewa hupita 200. Ukiona kichwa chake kinapita, chemsha chai kabisa, mkia utaukuta umeshamaliza kikombe.

Mabehewa yakirudi bara matupu, kwa miaka mingi watu wamekuwa wakipanda humohumo, bure. Mara nyingine mkiani huwekwa behewa la abiria la kulipia, lakini mwenye magunia ya mchele na mbuzi atamweka wapi mnyama? Wanajifunga vilemba mpaka machoni, wanatandika mablanketi. Usiku jangwani kuna baridi, Shomari, usidanganywe na jua la mchana. Wengi hushukia mji wa Choum, wakadandia magari ya kwenda mji wa Atar.

Karibu na Choum kuna kioja kitakachokuchekesha. Wafaransa walipojenga, Sahara ya jirani ilikuwa ya Wahispania, na hawakuelewana. Ikabidi reli izunguke kona ya mpaka na kutoboa mlima wa mawe magumu, handaki la kama kilomita mbili. Leo limeachwa, treni inakatiza nje, ndani ya Sahara Magharibi.

Vita ya Polisario, wapigania uhuru wa Sahara Magharibi, ilipoifikia reli hiyo, nchi ilikosa pumzi. Zouérat ilishambuliwa 1977, na mwaka uliofuata jeshi likampindua Rais Moktar Ould Daddah. Kwangu mimi hilo linatosha kueleza uzito wake kuliko takwimu za chuma.

Ila chuma ni cha bandari na wanunuzi wa mbali. Wa vijiji vya njiani wanachongojea ni tangi la maji linalofungwa kwenye treni. Wanakaa pale kwa sababu reli inapita, na reli haikujengwa kwa ajili yao. Mchanga ukifunika njia, vibarua wa koleo wanatoka mbio, maana treni isipopita hata madumu hayajai.

Hebu niulizie wazee wenzako: ukame ulipokaza Reli ya Kati, stesheni ndogo zilipelekewa maji na nani?

Wako,
Salehe