Shangazi, hata yule mama aliyatambua masikio

Shangazi yangu, shikamoo.

Tangu arobaini ya Baba Mdogo unajilaumu tu. Kijana aliingia na begi moja, akasema ni mtoto wa marehemu, kazaliwa Songea. Ukamshika kichwa: "Tazama kisogo, cha kaka mtupu!" Ukampakulia ubwabwa, ukampa na nauli. Alipoondoka, simu ya marehemu nayo haionekani.

Ngoja nikusimulie ya mwenzio. Lady Tichborne, mjane tajiri wa Uingereza, mwanawe Roger alipotea na meli iliyotoka Brazil mwaka 1854. Mama hakukubali kwamba kafa. Akatangaza magazetini mpaka Australia, zawadi juu, na habari za mtoto mwenyewe humo humo. Huko Wagga Wagga akajitokeza muuza nyama. Hata jina la huyo mama alilikosea. Roger alikulia Paris. Huyu Kifaransa hakijui hata cha kuombea maji. Januari 1867 wakakutana Paris, hotelini. Jamaa akajifanya mgonjwa, kalala chumba kina giza, kageukia ukutani. Mama akamtazama, akasema masikio hayo ni ya ukoo. Akampangia pauni 1,000 kwa mwaka!

Ujanja wake mkubwa ulikuwa kunyamaza. Kila pengo mama alilijaza mwenyewe: mwanangu kateseka, mambo yamemchanganyikia kichwani kama ndoto. Watu wa namna hii huja na nusu ya hadithi, nusu nyingine wanaikuta kwa mwenye kiu. Nawe, usinikasirikie, nilikuwa jikoni: jina la Bibi ulimtajia wewe, na la shamba la Kibaha pia. Yeye alikuwa anaitikia "ee, huko huko" na kutafuna.

Mama yule alifariki 1868 bado akiamini. Kesi ya urithi ikavunjika 1872, kwa sababu Roger alikuwa na tatuu mkononi na huyu hana. Ya jinai ikachukua siku 188. Mwaka 1874 akafungwa miaka 14 kama Arthur Orton, mtoto wa muuza nyama wa Wapping, London. Na bado maelfu ya makabwela walikuwa upande wake. Alikufa fukara mwaka 1898, na kibao cha jeneza kikaandikwa Sir Roger.

Ijumaa nakuja, Shangazi. Picha za Baba Mdogo nilizonazo nimezipitia zote: hakuna hata moja iliyopigwa kwa nyuma.