Tuulizwe pia tunachoota

Mhariri,

Kaunti inapotuita kutoa maoni kuhusu bajeti, kikao huwa ni kile kile. Ofisa anasimama mbele na karatasi zenye mafungu na tarakimu, wazee wawili watatu waliozoea vikao wanazungumza, tunatia sahihi kwenye orodha ya waliohudhuria, tunapewa soda, tunatawanyika. Katiba ya 2010 inataka umma ushirikishwe: kifungu cha 118 kinalibana Bunge, cha 196 kinayabana mabunge ya kaunti. Kwa karatasi, sheria imefuatwa. Ila mama aliyeketi nyuma na mtoto mgongoni hakusema neno, kwa kuwa aliulizwa kuhusu mafungu asiyoyajua, na anayoyajua hakuulizwa.

Kuna wazo ambalo nimelibeba kwa muda, nami naliweka mbele ya wasomaji wako kwa dhati kabisa. Ni serikali inayoanzia kwenye ndoto za wananchi. Katika kila wadi kati ya 85 za Nairobi, watu wangekutana asubuhi moja kila wiki wasimulie walichoota. Karani angeandika bila majina. Ndoto inayorudi kutoka nyumba nyingi ingepelekwa kwenye bunge la kaunti, na bunge lingelazimika kuijibu kwa maandishi: hofu hii imetoka wapi, na tutafanya nini.

Sizungumzii utabiri. Ndoto haijui mvua itanyesha lini, lakini inajua mtu analala akiogopa nini. Hapa kwetu Mathare, akina mama wakipanga mitungi kwenye kioski cha maji kabla ya mapambazuko, husimuliana ndoto. Maji yalikuwa yakiingia kwenye masimulizi hayo zamani sana kabla ya mafuriko ya Aprili 2024: kitanda kinaelea, mtoto yuko juu ya kabati, mlango unafungukia nje na maji yameuegemea. Aliyeota hivyo hakuwa nabii. Analala hatua chache kutoka mtoni, na masikio yake hayafungwi usiku. Habari hiyo ilikuwepo, imesemwa kwa sauti mbele ya majirani, na hakukuwa na daftari lolote la serikali la kuipokea. Mto ukafurika usiku. Mwezi wa Mei yakaja matingatinga kubomoa nyumba za kando ya mto, na siku hizi ndoto zinazosimuliwa pale kioskini ni za matingatinga.

Kwamba ndoto hubeba habari za utawala, mwandishi wa habari Charlotte Beradt alituonyesha. Tangu Hitler alipotwaa madaraka mwaka 1933 hadi yeye mwenyewe alipokimbia Ujerumani mwaka 1939, aliwauliza watu wa Berlin wameota nini, akakusanya ndoto za watu zaidi ya 300 na kuficha maandishi ndani ya majalada ya vitabu. Mmoja alikuwa mwenye kiwanda. Aliota Goebbels, mpiga propaganda mkuu wa Hitler, amekuja kiwandani, naye mbele ya wafanyakazi wake anahangaika nusu saa nzima kuinua mkono wa saluti, akiusukuma juu kidogo kidogo. Ndoto ile ilimjia siku tatu tu baada ya Hitler kuingia madarakani. Mwili wa mtu ulikuwa umeshaelewa serikali ya aina gani imefika, wakati wengi mchana walikuwa bado wanajadiliana kama mambo yatakuwa mabaya kiasi hicho.

Watu wa dini watanikumbusha Yusuf na ndoto ya Farao. Naipenda habari ile, na inanisumbua pia. Ng'ombe saba wanono na saba waliokonda walitokea kwenye usingizi wa mfalme, ndipo maghala yakajengwa. Mnyweshaji na mwokaji nao waliota, wakiwa gerezani, na ndoto zao ziliishia kwao wenyewe. Nchi ambayo ndoto ya mkubwa peke yake ndiyo inayohesabika, tumeshaishi ndani yake.

Kwa hiyo ningeweka masharti makali. Kiongozi yeyote asiruhusiwe kutawala kwa ndoto yake, wala kufasiri za watu. Ndoto ya mtu mmoja isiwe sheria, hata akilia akiisimulia. Na ndoto isimtaje mtu kwa ubaya kamwe. Hili la mwisho nalisisitiza kwa uchungu, kwa sababu kule Kilifi na Kisii wazee wameuawa kwa kushukiwa uchawi, na shutuma ya namna hiyo haihitaji zaidi ya mtu kuamka na kusema nimemwona fulani usingizini. Ndoto ya kumshuku jirani isiandikwe kabisa. Karani afunge daftari.

Lakini kinachonivuta zaidi katika serikali hii ni kwamba ingelazimika kulinda usingizi. Mwaka 1953, Aserinsky na Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago walieleza kile kipindi cha usingizi ambapo macho huchezacheza chini ya kope, na ndoto nyingi zilizo wazi hutoka humo. Vipindi hivyo hurefuka kadiri alfajiri inavyokaribia. Sasa mfikirie kibarua anayeamka saa kumi usiku ili atembee hadi Industrial Area awahi langoni. Anakatizwa pale pale ndoto zinapokuwa ndefu. Mfikirie mlinzi anayeingia kazini saa kumi na mbili jioni na kutoka saa kumi na mbili asubuhi, kisha anajaribu kulala mchana chini ya mabati yanayowaka, spika ya jirani ikipigwa ukutani. Mfikirie mama anayekaa macho kila kunaponyesha. Leo tunasema wamechoka, basi. Katika serikali ya ndoto watu hawa wangekuwa wamenyimwa kura, na aliyewanyima angeulizwa. Kanuni za kudhibiti kelele tunazo tangu 2009. Zingesimamiwa kwa bidii ile ile tunayosimamia masanduku ya kura, na suala la nyumba, zamu na nauli lingehama kutoka kwenye huruma na kuwa haki ya uraia.

Najua wapo watakaodanganya na kusimulia ndoto walizolipwa kusimulia. Hata kwenye vikao vya bajeti watu hukodishwa, na hatujavifuta. Uongo wa ndoto ni mgumu zaidi kuupanga ukitakiwa utoke nyumba nyingi, kwa vitu vidogo vinavyolingana.

Naiomba kaunti ijaribu katika wadi moja kabla ya kuandika mpango wake ujao wa maendeleo. Ukumbi wa jamii upo, mabenchi yapo, na karani mmoja hatavunja bajeti. Kilichoandikwa kibandikwe kwenye mlango wa ofisi ya chifu siku hiyo hiyo, ili aliyesimulia apite asome kama kimeandikwa alivyosema.

Mkazi wa Mathare,
Nairobi