Sauti iliyosikika safi usiku ule ilikuwa ya mtumishi wenu

Langoni, Lamu

Kwa Meneja, Huduma kwa Wateja, Kampuni ya Intaneti

MINTARAFU: KUKATIKA KWA SAUTI KATIKA MATANGAZO YANGU YA GEMU, NA MANENO NILIYOAMBIWA NA MTUMISHI WENU

Kwa heshima na taadhima,

Nawaandikia nikiwa na saumu, na hiyo saumu ndiyo inayonizuia kutumia baadhi ya maneno.

Namba ya malalamiko yangu mnayo. Mnazo tatu, kwa kuwa kila nikipiga ninyi hufungua mpya kana kwamba nimezaliwa siku hiyo. Masharti ya mkataba sitawasomea, ninyi ndio mlioyaandika. Naja moja kwa moja kwenye usiku wa Ijumaa, saa nne na robo, baada ya tarawehe.

Nilikuwa laivu. Ilikuwa nusu fainali ya mashindano yetu ya mpira wa PlayStation ya mwezi wa Ramadhani. Mdogo wangu anacheza sebuleni kwangu, mpinzani wake yuko Malindi, binamu yetu aliye Maskati anasaidia kutangaza, na mimi ndiye mtangazaji mkuu. Watazamaji walikuwa 163. Sauti za hao wa Malindi na Maskati zilikuwa zinakuja vipande vipande, mara roboti, mara kimya, mara maneno matano kwa mpigo. Nikawapigia ninyi kwa simu nyingine, nikaiweka kwenye spika karibu na maiki kwa kuwa mikono yote miwili ilikuwa kazini. Mtumishi wenu akasema, "Subiri kidogo, mama." Alidhani amenisubirisha. Hakubonyeza kitufe. Akamgeukia mwenzake akasema: "Ni yule mama wa gemu wa Lamu tena. Mwambie azime awashe, atachoka mwenyewe. Mama mzima, hana kazi."

Wale 163 walisikia kila herufi.

Sasa tuzungumzie huko kuzima na kuwasha. Tangu mwezi uandame nimeizima na kuiwasha ruta yenu mara kumi na nne, na nimeandika kila mara katika daftari la hesabu za kofia ninazoshona, maana mimi, kwa taarifa ya huyo bwana, kazi ninayo. Kabla hata ya kuwapigia mara ya kwanza nilikuwa nimefanya yale yote ambayo watu wenu husoma kwenye karatasi. Maiki, hedifoni na OBS, ile programu ya kurushia matangazo, vyote nimevipanga kwenye sampuli 48,000 kwa sekunde, visivutane. Kile kipengele cha Windows kinachoshusha sauti nyingine kwa asilimia 80 kompyuta ikihisi kuna mazungumzo, nimekizima zamani. Kwenye Discord, tunakozungumzia, nimeondoa kile kipengele cha kuziombea pakiti za sauti, yaani vile vipande vidogo vinavyosafiri mtandaoni, kipaumbele, kwa sababu ziko ruta ambazo jambo hilo huzivuruga. Mwangwi niliumaliza siku ya kwanza kwa kumwambia mdogo wangu avae hedifoni aache kufungulia televisheni. Haya ni mambo yangu, nimeyabeba mwenyewe. Lakini waya unaotoka kwenye ruta kwenda nje si wangu.

Kila nikieleza, naambiwa: "Lakini picha si inaonekana vizuri, mama?" Ndiyo, inaonekana. Na hapo ndipo nilipotarajia kampuni ya intaneti inielewe kuliko muuza samaki. Picha inayokwenda kwa watazamaji ina subira. Kipande kikipotea njiani hutumwa tena, na mtazamaji analiona bao sekunde kadhaa baadaye bila kujua kilichotokea. Mazungumzo hayana subira hiyo. Sauti hukatwa vipande vidogo, kila kimoja kama milisekunde 20 tu, vikarushwa mbio. Kilichopotea hakirudishwi, na kilichochelewa mno hutupwa, maana hakuna anayetaka neno la nyuma limwingilie katikati ya neno la mbele. Kwa hiyo picha safi si ushahidi kwamba sauti iko salama.

Nilipima. Nilituma pakiti mia moja hadi kwenye ruta: zote mia zikarudi, kwa milisekunde moja au mbili. Nikatuma mia nyingine hadi kituo chenu cha kwanza baada ya ruta: zikarudi 96. Nne zimezama, na kati ya hizo 96, moja inarudi kwa milisekunde 38, inayoifuata kwa 612. Shirika la Kimataifa la Mawasiliano, ITU, katika pendekezo lake G.114, linataka sauti ifike upande wa pili ndani ya milisekunde 150 ili watu wazungumze bila taabu. Picha za vipimo hivyo niliwatumia mara mbili. Mara ya kwanza nilijibiwa "Asante kwa maoni yako." Mara ya pili sikujibiwa.

Na usiku wa Jumamosi, siku moja baada ya aibu ile, nilitumia data ya simu ya kampuni nyingine. Laptopu ile ile, maiki ile ile, Discord ile ile. Sauti ikanyooka kama uzi. Binamu yangu wa Maskati akauliza kama nimenunua studio.

Nimeruka habari ya fundi wenu, naomba radhi, hasira inanipeleka mbele. Huyo alikuja wiki moja kabla. Alivuka kwa boti kutoka Mokowe, kule bara, akaingia, akafungua programu ya kupima spidi kwenye simu yake, ikasoma 11, akasema, "Mama, spidi ipo," akatoka. Chai niliyomwekea wakati huo, maana ilikuwa kabla ya mfungo, iliachwa ikitoa moshi. Boti ilikuwa inamsubiri, alisema. Ningemweleza kwa lugha ya mtaa wetu kama angesimama: punda ishirini wakitoka gatini na mawe ya kujengea, haitoshi kuniambia kwamba wote ishirini wamefika mwisho wa siku. Kama walikwama kichochoroni kisha wakaja kumi kwa pamoja, fundi mwashi amekaa bure asubuhi nzima. Spidi yenu inahesabu mawe. Mimi nalia na mpangilio wa punda.

Kabla ya fundi kulikuwa na hedifoni. Mtumishi wa kwanza aliyepokea simu yangu alisema kwa uhakika kabisa kwamba maiki yangu imekufa, ninunue hedifoni mpya. Nikanunua, shilingi 3,800, ikaja kwa basi kutoka Mombasa mpaka Mokowe, kisha boti. Plagi yake ina mistari mitatu myeusi na laptopu yangu ina matundu mawili, kwa hiyo nikaongeza 350 ya kigawanyio. Nikavaa, nikazungumza, sauti za wenzangu zikaja vile vile, zimekatikakatika, ila sasa zimekatikakatika kwa bei ghali. Risiti ninazo.

Halafu mnaniambia hili ni jambo la gemu tu. Bwana mmoja mwenye mkahawa kule Malindi alinilipa shilingi 6,000 ajiunge kwa sauti yake mwenyewe wakati wa mapumziko, atangaze futari yake. Mtu mzima, mpole, amejitayarisha, hata karatasi ameandika. Kilichofika kwa watazamaji kilikuwa "Assala… ka… ka… biriani… sha… sha… tende." Vijana wakaigeuza kuwa utani, mpaka leo wakipita dirishani kwangu husema "sha-sha-tende." Siku ya pili nilimrudishia pesa zake zote. Hakunidai. Niliona haya.

Na sasa narudi usiku ule, kwa sababu sijamaliza nao, na sidhani kama nyinyi mmeuelewa.

Mpira uko mapumziko. Sauti ya bwana wa mkahawa imeshaharibika. Maandishi ya watazamaji yanapanda: hatusikii, hatusikii, maiki Bi Mtangazaji, maiki. Nimeshika simu ya kwanza namtumia binamu ujumbe, simu ya pili iko kwenye spika nawasubiri ninyi dakika kumi na tisa. Mama yangu mzazi anafungua pazia na sinia ya kaimati, kwa kuwa vijana hawajala tangu futari. Na hapo, katika usiku ambao hakuna mgeni aliyeweza kumaliza sentensi moja, ikatoka sauti iliyonyooka, isiyo na mkwaruzo, isiyokosa hata silabi: "Ni yule mama wa gemu wa Lamu tena." Mdogo wangu akaacha kiendesha gemu mkononi. "Mwambie azime awashe, atachoka mwenyewe." Mama akasimama na sinia yake. "Mama mzima, hana kazi." Na mwenzake akacheka. Kicheko sikukitaja huko juu kwa sababu nilidhani nitaweza kukisamehe.

Kisha mtumishi wenu akarudi kwenye simu, sauti imegeuka asali: "Asante kwa kusubiri, mama. Je, umejaribu kuizima ruta na kuiwasha?"

Nikasema, "Bwana, uko laivu." Akakata.

Mama hakusema kitu. Aliweka sinia, akarudi zake ndani. Asubuhi aliniuliza tu kama hawa ndio ninaowalipa kila mwezi. Maandishi ya watazamaji yalikuwa yamesimama kwa muda, halafu mtu mmoja akaandika "tumesikia," na mwingine, na mwingine, mpaka skrini ikajaa. Najua walikusudia kuniliwaza.

Mzigo wa mwenzako kwako ni kanda la usufi. Kwenu mimi ni namba ya malalamiko. Hapa kichochoroni kwetu mimi ndiye niliyewaleta. Nyumba sita ziliingia kwenu kwa maneno yangu, na zote sita zinalipa.

Basi, ninachotaka. Nilipoanza barua hii nilikusudia kudai marejesho ya mwezi mmoja na barua ya kuomba radhi. Nimeisoma tena nilipofika hapa na nimeona ni kidogo. Nataka malipo ya mwezi huu wote yarudi. Nataka 3,800 za hedifoni na 350 za kigawanyio, kwa kuwa ni ninyi mlioniagiza. Nataka 6,000 za mkahawa. Nataka fundi atakayekuja na muda, apime pakiti zinazopotea na zinazochelewa kati ya nyumba yangu na kituo chenu, saa nne ya usiku wakati tatizo lipo, asije saa nne ya asubuhi wakati hata samaki wamelala.

Na radhi sitaki kwa barua tena. Nilitukanwa kwa sauti, nitaombwa radhi kwa sauti. Huyo mtumishi pamoja na msimamizi wake waingie kwenye chumba cha sauti cha Discord usiku wa fainali, mbele ya watazamaji wale wale, na mbele ya mama yangu, ambaye nitamwekea kiti. Waseme Kiswahili. Kama sauti zao zitakatikakatika, watarudia mpaka zisikike, na hapo labda watajua nilichokuwa nikilalamikia.

Nawapa siku saba. Zikipita, nakwenda Mamlaka ya Mawasiliano ya Kenya na vipimo vyangu, risiti zangu na namba zenu tatu. Kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za mawasiliano zilitungwa 2010, na Ibara ya 46 ya Katiba inampa mtumiaji haki ya huduma yenye ubora wa kuridhisha, na fidia kwa hasara inayotokana na kasoro yake. Mahakama ya Madai Madogo husikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni moja. Yangu hayafiki huko, lakini mkinisubirisha tena kwenye simu nitaanza kuyahesabu upya. Na rekodi ninayo. Matangazo yale yote yamehifadhiwa. Maneno yenu yanaanza rekodi ikiwa imefika saa moja na dakika 47 tangu mwanzo wake. Sijayakata wala kuyasambaza, kwa heshima. Heshima hiyo nayo ni ya siku saba.

Ruta yenu, ikibidi, mtaikuta gatini Mokowe ndani ya kikapu, pamoja na waya wake wote. Za zile nyumba sita nitawauliza wenyewe kama nao wanataka kutuma zao katika safari hiyo hiyo.

Wenu,
Mteja wa Langoni
(jina langu mnalo, mmelitaja laivu kama "mama wa gemu")

N.B. Nikiwa nimeshaikunja barua hii, umeingia ujumbe wenu: "Mteja mpendwa, tatizo lako limetatuliwa. Tafadhali tupe nyota." Hakuna aliyekuja, hakuna aliyepiga, na nimepima dakika hii, zimerudi 94. Marejesho sasa ni ya miezi miwili.