Salamu za Mashujaa kutoka Taita

Jamaa zangu, marafiki, na nyinyi majirani wa zamani mliotawanyika Mombasa, Nairobi, Doha na kwingineko, heri ya Sikukuu ya Mashujaa. Natumai 20 Oktoba imewakuta wazima. Aliye zamuni leo Mungu ampe wepesi, na mwajiri wake asisahau malipo ya sikukuu.

Huku kwetu tunalitazama anga. Mashamba tumeshayatifua, mbegu ziko kwenye debe, vuli ndiyo inatuchezea. Kila jioni mawingu yanapanda kutoka upande wa bahari, yanaufunika mlima Vuria, tunakimbilia kuanua nguo, halafu yanaondoka bila hata kuaga. Watoto wa kidato cha nne hawana sikukuu, wamejifungia na vitabu vyao. Sisi wengine tumeamkia mbele ya runinga: bendi, gwaride, mizinga 21, ndege za kivita. Mama mkubwa akauliza, kama anavyouliza kila mwaka, wale vijana waliosimamishwa juani na makoti mazito namna ile wamepewa maji? Hakuna aliyemjibu, kama kila mwaka.

Gwaride nalipenda, sitawadanganya. Ila tangu mwaka jana siku hii inanipeleka Taveta.

Nilikuwa nimekwenda kuchukua ndizi sokoni. Wakati wa kurudi matatu ikapasua gurudumu kabla hatujatoka mjini, na gurudumu la akiba nalo halikuwa na upepo. Dereva akaenda kutafuta fundi. Nikaliona lango la makaburi ya Vita vya Kwanza vya Dunia, lile tulilolipita miaka yote tukienda sokoni, nikaingia ili nipate kivuli. Nyasi zimenyolewa kama kichwa cha kuruta. Mawe yamepangwa safu kwa safu, kila jiwe na jina lake, cheo, kikosi, tarehe. Tarehe nyingi nilizosoma ni za mwanzo wa 1916. Ndio wakati Waingereza na wanajeshi kutoka Afrika Kusini walipojaribu kuwang'oa Wajerumani kwenye kilima cha Salaita, 12 Februari, wakarudishwa nyuma, na mwezi uliofuata wakapigana tena kwenye vilima vya Latema na Reata. Salaita mnakijua, kile kilima kidogo kando ya barabara ambacho ukisinzia kidogo tu kimekupita. Nikasoma majina ya vijana waliotoka mbali, nikawaombea. Kisha nikaanza kutafuta jina la mpagazi. Nilizunguka mpaka utingo akaja kuniita. Sikuliona.

Na vita vile, kwa huku kwetu, vilipiganwa kwa mabega. Mbung'o waliwaua farasi na punda, magari yakazama matopeni, reli ya kutoka Voi ikafika ilipofika. Baada ya hapo risasi, unga, dawa, mahema, hata vitanda vya maofisa, vyote vilipanda kichwani kwa mtu. Kutoka Kenya walichukuliwa wanaume zaidi ya 150,000. Waliojitolea walikuwa wachache. Ulipokuja msako mkubwa wa 1917 machifu waliambiwa walete watu kwa hesabu, na kijana aliyelala kwake jioni akaamkia kwenye msafara. Huko njiani walipewa unga wa mahindi wa kuparaza, unapikwa nusunusu kwa kukosa kuni na muda, wakati wengi wao kwao walizoea viazi, ndizi na mtama. Maradhi, na hasa kuhara damu, yakawaua wengi kuliko risasi. Waliokufa ni makumi ya maelfu, na mishahara ya wengi haikuwafikia wajane wao.

Kikosi chao Waingereza walikiita Carrier Corps. Ulimi wetu ukakifinyanga upya, na ndiyo hiyo Kariokor ya Nairobi mnakokwenda kula nyama choma na kununua vyondo, na ndiyo Kariakoo ya Dar es Salaam. Makondakta wanaita jina hilo mchana kutwa, nani anakumbuka kwamba ilikuwa kambi ya wapagazi?

Nairobi pia ipo sanamu. Imesimama Kenyatta Avenue tangu 1928, wanaume watatu wa shaba, mmoja wao mpagazi. Chini yao kuna maandishi kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili. Yanasema wapagazi walikuwa miguu na mikono ya jeshi, na kwamba ukiipigania nchi yako, hata ukifa, wanao watalikumbuka jina lako. Sanamu hiyo nayo nimeizunguka. Jina hata moja halipo. (Na hiyo "nchi yako" nayo ilikuwa ya nani, ikiwa mfalme aliyekuwa akipiganiwa alikaa London?) Aprili 2021 tume ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuwekewa ukumbusho kwa majina, na huenda baadhi hawakukumbukwa kabisa. Ikaomba radhi. Karne nzima ilikuwa imepita.

Sisi Wataita tuna letu la ziada. Agosti 1915 Wajerumani waliuteka mlima Kasigau. Waingereza wakasema wenyeji ndio waliowaonyesha njia, wakawabeba watu wa Kasigau, wazee, wanawake na watoto, wakawapeleka uhamishoni Malindi. Wengi walikufa huko, na waliobaki hawakurudi milimani kwao mpaka miaka ya 1930. Mlima mmoja unatoa wapagazi, mlima wa pili unafungashiwa virago, na serikali ni ileile.

Babu yake baba alikuwa mmoja wa waliobebeshwa. Nyanya alitusimulia kwamba kilichorudi ni blanketi lake, lililetwa na mwenzake wa kijiji cha pili. Mkewe hakulitumia wala hakulitupa. Lilikaa darini mpaka mchwa wakalimaliza. Mtoto wa kiume aliyezaliwa katika ukoo baada ya hapo akapewa jina la marehemu, na leo analo kaka yangu, ambaye kazi yake ni kutengeneza simu na mgongo wake haujawahi kubeba kitu kizito kuliko spika.

Waliorudi walikuta nini? Mwaka 1919 serikali ya kikoloni iligawa mashamba kwa askari waliotoka vitani, na waliogawiwa walikuwa Wazungu. Sehemu ya mashamba hayo ilimegwa kwa Wanandi, ambao vijana wao walikuwa wametumikia Keya, yaani King's African Rifles, jeshi la Waafrika chini ya Mwingereza. Mwafrika yeye alipewa kipande: karatasi yenye alama za vidole ndani ya kibweta cha bati, kinaning'inia shingoni kama kengele ya mbuzi. Pwani walikuwa wameyaona mapema. Mwaka 1913, serikali ilipowataka vijana wa Kigiriama wakafanye kazi, Mekatilili wa Menza alisimama mbele ya watu akakataa. Inasimuliwa kwamba alileta kuku na vifaranga wake, akamwambia afisa wa Kizungu ajaribu kuchukua kifaranga kimoja aone. Kidole kilidonolewa vizuri. Naye Harry Thuku, aliyekuwa akifanya kazi ya simu Nairobi, alipoyasema ya kodi na kipande hadharani, akakamatwa Machi 1922. Tarehe 16 umati ukajazana nje ya kituo cha polisi. Wazee walipoanza kulegea, Mary Muthoni Nyanjiru akapandisha nguo yake juu, kwamba kama mnaogopa vaeni hii, mtupe sisi suruali. Risasi zikalia. Serikali ilihesabu maiti 21, naye akiwamo.

Vita vya pili vya dunia vikachukua tena karibu watu laki moja. Safari hii wengi walishika bunduki, wakafika Uhabeshi, Misri, Bama (Burma). Wazee wa Bama niliowakuta nikiwa mdogo hawakupenda kusimulia mapigano. Walichosimulia ni kwamba huko waliwaona Wazungu wakiogopa, wakilia, wakiugua tumbo kama watu, na kwamba siku ya kulipwa kiinua mgongo, Mzungu wa cheo kilekile alilipwa chake na Mwafrika akalipwa kidogo. Waruhiu Itote alitoka Bama. Bildad Kaggia alitoka Mashariki ya Kati na Uingereza akiwa sajenti. Watu kama hao huwezi kuwarudisha kwenye kipande wakanyamaza. Januari 1947 Mombasa nzima ilisimama, bandari, reli, hoteli, na Chege Kibachia akawa ndiye sauti ya wafanyakazi. Aprili 1950, pale Kaloleni Nairobi, Makhan Singh, fundi wa vyama vya wafanyakazi aliyezaliwa Punjab, akadai uhuru wa Afrika Mashariki bila kuzunguka. Alilipia kwa kizuizi cha miaka 11.

Ndipo tunafika 20 Oktoba 1952, siku Gavana Evelyn Baring alipotangaza hali ya hatari na usiku huohuo Kenyatta, Kaggia na wenzao wakazolewa. Itote alikuwa tayari msituni na Mau Mau, wapiganaji wa ardhi na uhuru, anaitwa Jenerali China, anawafundisha vijana mambo aliyofundishwa na jeshi la Mwingereza. Dedan Kimathi, kiongozi wao mwingine, akanyongwa gereza la Kamiti 18 Februari 1957. Na tusijifanye hatujui: wengi wa waliowawinda walikuwa Waafrika pia, Keya na walinzi wa vijiji, wengine ndugu wa tumbo moja. Ziko nyumba ambazo mpaka leo siku hii hailiwi chakula cha pamoja.

Halafu uhuru ukaja, na hapa ndipo ninapokasirika kidogo, mnisamehe sikukuu. Mau Mau kilibaki chama haramu katika vitabu vya sheria za Kenya huru mpaka 2003. Miaka 40! Kaggia alipodai ardhi kwa wasio na ardhi, Kenyatta alimuuliza hadharani mwaka 1965 yeye amejifanyia nini tangu watoke jela. Itote angalau alipata kazi katika uongozi wa Huduma ya Vijana kwa Taifa. Siku yenyewe ya leo tuliiita Siku ya Kenyatta mpaka katiba ya 2010 ilipoiweka kwenye wingi. Mwaka 2013 Uingereza ilikubali kuwalipa wazee 5,228 walioteswa, jumla pauni milioni 19.9, gawanyeni wenyewe muone mmoja alipata nini. Muthoni wa Kirima, mwanamke pekee wa Mau Mau aliyefikia cheo cha fildi masho, alitoka msituni 1963, akakaa na nywele zake za msituni mpaka Aprili 2022 alipokubali kunyolewa. Akafariki Septemba 2023. Nilipoona picha za zile nywele zikikatwa, nilifikiria lile blanketi la darini.

Jeshi la leo nalo ni letu, na vijana wetu wanalitaka kwa dhati. Siku ya usajili uwanja unajaa tangu alfajiri, wavulana pekupeku wanakimbia, wanapimwa urefu, wanafunguliwa midomo meno yahesabiwe. Mpwa wangu amerudishwa mara mbili, mara ya pili kwa ajili ya nyayo bapa, na bado anafanya mazoezi. Sina la kumwambia, maana mshahara huo ungeisomesha nyumba nzima. Wanajeshi wetu waliingia Somalia Oktoba 2011, mwezi kama huu. Januari 2016 kambi yao ya El Adde ilishambuliwa, na serikali haikutoa hesabu kamili ya waliokufa. Familia zilihesabu zenyewe, jeneza kwa jeneza.

Ndiyo maana Juni 2024, vijana walipoingia barabarani kuupinga mswada wa fedha na wengine wasirudi nyumbani, kilichonigusa ni zile kadibodi. Waliandika majina kamili ya waliouawa kwa kalamu nene, wakayabeba, wakayasoma kwa sauti. Mtu anaweza kukubaliana nao au asikubaliane nao katika mambo ya kodi. Kazi ya majina waliifanya siku ileile, hawakungoja ripoti.

Sasa ombi langu la sikukuu. Nimenunua daftari la kurasa 96, naandika majina ya wapagazi wa vijiji vyetu, na baada yao walioenda Bama. Mpaka jana jioni nilikuwa na majina 11. Mmoja wazee wanamkumbuka kwa "yule wa karibu na kijito" tu, nimemwandika hivyohivyo, nikaacha nafasi. Mwenye shangazi, nyanya au babu anayejua jina, la baba wa nani, kijiji gani, alirudi au hakurudi, anitumie, hata kwa ujumbe wa sauti. Usingoje mazishi ndipo tuulizane.

Mama mkubwa anawasalimu. Anasema anayekuja Desemba alete sukari, bei huku haishikiki. Heri ya Mashujaa, na kama huko mliko imeshanyesha, semeni.